Chembe za Mama Mkwe

Muuza nyama alijikata kidole akipasua mbavu, na hadi anafika hospitali damu ilikuwa ikichuruzika kama bomba bovu, uso umeshampauka. Daktari akachungulia damu yake kwenye hadubini.

"Ndugu, chembe za kugandisha damu unazo tele. Tatizo hazina vishikio. Zikifika kwenye jeraha zinatakiwa zishikane ziwe kizibo, lakini zako zinapishana tu kama abiria stendi."

"Ndio ukoo wao," mkewe akadakia. "Hata kwenye msiba hawashikani."

Chembe za kuazima zilipatikana kwa mtu mmoja tu ambaye damu yake iliendana na ya muuza nyama: mama mkwe. Zilipomwingia mgonjwa mshipani, mama mkwe akakiinamia kile kidole, akakifokea: "Shikaneni! Atakayeachia atanijua!"

Damu ikakauka papo hapo, na kidole kikasimama wima kwa adabu.

Muuza nyama akakitazama kidole. "Daktari, hizi zitakaa humu muda gani?"

"Siku chache tu."

"Usijali, mwanangu," mama mkwe akasema huku akivuta kiti. "Hata kwenu nilikuja kwa siku chache, mwaka juzi."