Mjomba Eligio Afike Harusini

Mjomba wangu Eligio Tecuapetla amekufa mara nyingi kuliko mtu yeyote katika mji wetu wa Atlixco, Mexico. Tangu ujana wake, kila tamthilia ya televisheni iliyomchukua ilimpa nafasi ya dereva, mlinzi au kibaraka wa tajiri mwovu, na watu wa aina hiyo hawafiki mbali. Hupigwa risasi, husukumwa ngazini, hutiliwa sumu, ili nyota wenyewe wapate sababu ya kulia.

Aliyeumia kweli ni bibi, Doña Hermelinda, mama yake. Kila alipomwona mwanawe kalala chini, alizima televisheni na hakuiwasha tena hadi tamthilia iishe. Hakuwahi kuona hata moja ikifika mwisho.

“Lakini mama, si mimi huyu hapa, nakula mchuzi wako wa mole?”

“Nakuona. Ila siku moja kifo kitachoka kuigizwa, kije chenyewe.”

Mwaka huu mjomba aliigiza mtumishi mkuu wa jumba la kifahari. Zilipobaki sehemu chache, mwandishi wa tamthilia, binti aitwaye Berenice, alimwita kando studioni.

“Don Eligio, chagua. Alhamisi ufe ukimkinga bibi harusi. Nimekuandikia maneno ya kutoa machozi kwenye jiwe. Au ubaki hai, lakini harusini utasimama nyuma ya keki, kimya. Sina nafasi ya sentensi hata moja.”

Mjomba alizisoma kurasa zile akiwa amesimama. Yeye ambaye kazi yake yote ilikuwa “Ndiyo, bwana” na “Gari liko tayari” alianza kuyatamka maneno yale taratibu, na Berenice mwenyewe akajifuta macho.

“Umeona? Hayo ni yako.”

“Matamu mno, binti yangu. Mpe mtunza bustani afe nayo. Mimi nifikishe harusini.”

“Una wazimu? Si ndicho ulichokuwa ukikisubiri miaka yote?”

“Mama yangu hajawahi kuona mwisho.”

Alhamisi mtunza bustani alikufa vizuri sana. Sebuleni kwa bibi tulilia sote, isipokuwa mjomba. Yeye midomo yake ilikuwa ikicheza bila sauti, neno kwa neno, hadi mwisho wa hotuba.

Kesho yake ikawa harusi.

“Yule pale!” bibi alipiga kelele. “Nyuma ya keki! Mzima!”

“Mzima, mama.”

“Mbona husemi kitu?”

“Mtumishi mwenye adabu hasemi.”

“Adabu gani, na koti limekunjamana begani? Hakuna pasi huko studioni? Hebu nyamazeni, namtazama mwanangu.”

Majina ya waigizaji yalipoanza kupita, bibi alitukataza tusizime. La mjomba lilikuja karibu na mwisho, baada ya daktari na kabla ya mwenye farasi. Alilisoma kwa sauti, herufi zote, kana kwamba anamwita mtoto ndani.

“Nyingine inaanza lini?” aliuliza.

“Jumatatu, mama. Mimi ni muuza bunduki.”

“Mungu wangu!” alisema bibi, akacheka hadi akashika mbavu.