Buti za Kyalo

Katika nyumba ya Bi Mwanarehema kule Mjambere, hakuna apitaye kizingiti cha ukumbini na viatu, viwe miguuni au mkononi. Awe mgeni, awe mpangaji, awe na kiburi chake, viatu huvuliwa barazani na kupangwa ukutani. Ni desturi nzuri, sakafu hubaki safi. Ila aliyeianzisha hakuwa na mbwa.

Mbwa alikuwa wa Kyalo, mume wa Florence, waliopanga chumba cha nyuma. Kyalo alimpa jina la Shemeji kwa utani tu, ili watu wacheke akimwita kuja kula. Bi Mwanarehema hakumpenda, lakini wezi walipozidi mtaani alikubali akae, mradi asivuke baraza. Kisha Kyalo akaugua mapafu, akafa, wakaenda kumzika kwao Mwingi. Florence alirudi akiwa peke yake, akaendelea na kazi yake ya kufunga paketi katika ghala la majani chai huko Changamwe, kutwa kasimama, vumbi limemkaa kooni. Na Shemeji akaanza kutafuna viatu.

Alianza na ndara za mjukuu wa Bi Mwanarehema. Akafuatia kubadhi la mgeni aliyekuja kwenye hitima, mzee wa watu akarudi kwake mguu mmoja pekupeku. Bi Mwanarehema hakufoka. Alimngoja Florence atoke kazini, akaitikia shikamoo yake, akamwambia kwa upole kwamba kikiliwa kiatu kimoja zaidi, mbwa atafutiwe kwingine. Upole wa namna ile ni afadhali utukanwe.

Florence hakumlaumu. Lakini kwingine wapi? Nani angemchukua mbwa mzima, koko, asiyejua hata kumfukuza panya? Angeishia jalalani akipigwa mawe. Na katika nyumba ile, mbwa huyo ndiye pekee aliyebaki ambaye aliwahi kumkimbilia Kyalo langoni. Florence alikuwa ameshazika mara moja mwaka ule, na nguvu za kuzika tena hakuwa nazo.

Basi jioni moja akapitia duka la dawa za mifugo pale Kongowea. Muuzaji akamtolea kichupa cha kupuliza. Ni majimaji tu, akasema, hayana rangi wala sumu, lakini ni machungu kupindukia, mnyama akilamba mara moja harudii. Siku nyingine Florence angebembeleza bei mpaka muuzaji acheke. Siku hiyo alilipa akaondoka, miguu inamuuma.

Alfajiri, kabla ya kwenda kazini, akavipulizia dawa viatu vyote vya barazani, soli na kanda, kimoja baada ya kingine. Mwisho wa mstari zilikuwapo buti za Kyalo. Alikuwa ameziacha pale makusudi, kama wafanyavyo wanawake wengi wanaolala peke yao, ili apitaye adhani ndani mna mwanamume. Angalau ndivyo alivyojiambia. Nazo akazipulizia.

Aliporudi jioni, alimkuta Bi Mwanarehema barazani, leso ameikaza, viatu vyote vimepangwa salama. Pengo lilikuwa moja tu. Bi akanyoosha kidevu kuelekea pembeni, na pale alilala Shemeji, buti moja ya Kyalo imebanwa katikati ya miguu yake ya mbele. Povu lilimchuruzika. Alikuwa akiuma, akikunja pua, akitikisa kichwa na kulia kwa kisauti chembamba, kisha akirudi kuuma palepale.

Florence akaanza kuomba radhi, na kuahidi kwamba kesho atamwondoa, popote pale, lakini Bi Mwanarehema akamnyamazisha kwa mkono.

"Tangu adhuhuri yuko hapo," akasema. "Vyetu vyote amevinusa, wallahi hakugusa hata kimoja. Hiki yuwatafuna, na huku yuwalia."

Wakamtazama wote wawili. Kisha Bi Mwanarehema akaanza kusimulia.

"Hassan wangu nilipomwachisha ziwa, nalijipaka shubiri, kama walivyotufunza mama zetu. Nduguze walionja mara moja, basi. Yeye akilia, akinyonya. Akinyonya, akilia."

"Ukafanyaje, Bi?"

"Nalikwenda nikaosha, mwanangu. Nikampa."

Akaongeza kwamba kiatu kile hakimo katika lile onyo lake la kiatu kimoja zaidi. Mwenyewe hayupo wa kulalamika, na mbwa hajakosea mlango, amekwenda kwa bwana wake.

Florence akaleta beseni na sabuni. Akaichukua ile buti taratibu mdomoni mwa Shemeji, akaisugua, akaonja kidole. Bado chungu. Akasugua tena, na hapo ndipo machozi yalipomtoka, yale ambayo kule Mwingi mbele ya watu yalikataa kabisa kutoka. Alipomaliza akaiweka mbele ya mbwa. Shemeji akailaza shingo juu yake, hakuitafuna.

Buti ya pili Florence aliiosha pia, akaifuta kwa upindo wa leso. Hakuirudisha ukutani. Aliikumbatia kifuani, akaingia nayo ndani.

Bi Mwanarehema aliiona ikivuka kizingiti. Akageuza uso, akatazama njia.