Zamu ya Mwandishi Kujibu

Corinne Tollefson aliomba jambo moja tu: mumewe asimame, asome shukrani alizomwandikia, akae, kisha warudi zao Minnesota kabla mtu hajagundua. Daktari alikwisha kumweleza ukweli: kumbukumbu za mumewe, Merrill, zilikuwa zikipotea. Wasomi wenzake hawakuwa na habari, na Corinne hakutaka waipate. Watu wanaoishi kwa akili zao humwogopa mwenzao anayezipoteza.

Wanahistoria wa fikra za Kimarekani wana desturi yao kwenye mkutano wa kila mwaka. Kitabu kikizeeka kwa heshima, hukiwekea kikao. Wasomi watatu hukichambua mwandishi mwenyewe akiwa hapo hapo anasikiliza, kisha yeye hupewa nafasi ya mwisho kujibu. Safari hii, katika hoteli moja ya Cleveland, ilikuwa zamu ya kitabu kilichomjengea Merrill jina. Humo alidai kwamba Marekani haikufundishwa kufikiri na vyuo vikuu, bali na wakulima na wahunzi waliojazana kwenye kumbi za vijiji wakati wa baridi kusikiliza mihadhara.

Mwenyekiti alikuwa Dwight Abernathy, mwanafunzi wake wa zamani. Alimpokea Merrill mlangoni akamwambia leo wako tayari kukosolewa vikali kama enzi zile za darasani. Merrill akamtania kuhusu tai yake, akamuuliza aliikata kwenye pazia la nani. Utani ulikuwa haujamtoka bado, na ndio uliokuwa ukimsitiri.

Watatu wale wakasema. Kwa adabu yao ya kikaoni hawakutaja jina lake. Ilikuwa mwandishi anadai hivi, mwandishi kasahau vile. Merrill alisikiliza kwa makini, akiandika pembeni mwa karatasi, macho yamechangamka. Corinne alifurahi kumwona hivyo. Furaha ikakatika pale mumewe alipoitwa, akainuka, na zile shukrani akaziacha mezani.

"Sijui mnambembelezea nini huyu bwana," Merrill alianza, na ukumbi ukaangua kicheko. "Kalamu anayo, sikatai. Lakini kawasikia wenye sauti tu. Kina mama waliowasha jiko la ukumbini, wakafagia, wakarudi makwao na mawazo yao, wako wapi? Hakuwauliza, akawasemea. Hiyo si historia jamani. Kaandika vile alivyotamani iwe."

Corinne aliyatambua. Maneno yale yalikuwa yake. Aliyasema jikoni kwao, enzi za ujana wao, alipokuwa akimchapia mswada, na Merrill akamnunia siku kadhaa, asibadilishe hata mstari. Leo anayatoa hadharani bila kujua kayatoa wapi, wala kitabu ni cha nani. Angemzuia vipi? Akisimama, atamwanika mbele ya watu wote. Akinyamaza, mumewe anakibomoa kitabu alichokipenda kuliko chochote alichofanya maishani. Alibaki kitini, mkoba ameukumbatia, akajichukia.

Naye Merrill aliendelea, sura baada ya sura, bila kukwama, mkali kama enzi zake. Alipomaliza, ukumbi mzima ulisimama kumpigia makofi. Dwight alifuta machozi, akasema hajapata kuona msomi jasiri kiasi hicho, anayejisahihisha mwenyewe bila kujionea huruma. Wakapanga foleni kumpa mkono, naye akawapa kwa upole, akiwaitikia wote kwa tabasamu lile lile.

Walipobaki wawili kwenye ushoroba nje ya ukumbi, alimvuta mkewe mkono.

"Nilizidisha?"

"Ulisema vizuri, mzee wangu."

"Yule mwenye tai alikuwa akilia. Yule mwandishi, alikuwamo?"

Mwaka mzima Corinne alikuwa amemdanganyia watu, majirani, hata watoto wao. Yeye mwenyewe hakuwahi kumdanganya.

"Alikuwamo."

Uso wa Merrill ukamshuka. "Masikini. Labda hata mkewe alikuwepo."

"Naye alikuwepo."

"Na hamkunizuia?" Alitikisa kichwa kwa uchungu. "Mtu kakitolea kitabu chake maisha yake, mimi nakuja kumvua nguo mbele ya mkewe. Twende nikamwombe radhi kabla hajaondoka."

Akageuka kurudi ukumbini kumtafuta, na Corinne akamfuata.