Salamu za Bi Jalila

Mwanasaumu alikuwa edani, na mumewe alikuwa hewani.

Kila alasiri sauti ya Mwidani ilitoka redioni ikiwasalimu watu wa Likoni, Mtongwe na Shika Adabu, vilevile kama alivyowasalimu kabla ya ugonjwa wa figo kumlaza chini. Alipozidiwa, wenye stesheni walimrekodi, kompyuta ikafundishwa kuiga sauti yake ili kipindi cha salamu kisikatike siku asizoweza kuinuka. Yeye mwenyewe alifurahi. Akafa, akazikwa, na kipindi hakikukatika.

Anwar, ndugu wa marehemu, alikwenda stesheni kulalamika. Jibu alilorudi nalo alilisema akiwa barazani, nje ya pazia, kwa kuwa shemejiye alikuwa edani: mama mzazi akisema sauti izimwe, itazimwa siku hiyohiyo.

Lakini Bi Jalila, mamake Mwidani, hakutaka kusikia habari ya kuzima. Tangu mazishi hakuwa ametoa chozi. Redio ilikaa mapajani mwake, akiijibu, akiicheka, akiwaambia waliokuja kumpa pole wanyamaze kwanza, mwanawe anasema. Chumbani, Mwanasaumu alijiziba masikio kwa leso. Yeye kila alasiri alifiwa upya.

"Mama, nihurumie," alimwambia siku moja. "Nataka kumzika mume wangu."

"Wewe utaolewa, mwanangu. Mimi nitamzaa wapi mwingine?"

Mwanasaumu akarudi chumbani.

Kumbe Bi Jalila alikuwa na lake moyoni. Alimwomba Fancy, jirani yao muuza mboga, amtumie jina lake stesheni kwa simu, naye asalimiwe kama wenzake. Siku ya pili akaoga, akajifunga leso mpya, akamwita mkazamwana wake aje akae karibu.

"Leo ananisalimu mimi," alisema, na uso wake ulikuwa kama wa bibi harusi.

Majina yakapita, mara sauti ikachangamka, ileile, na kicheko chake kilekile:

"Salamu hizi zimwendee Jalila binti Omari wa Likoni. Jalila, upo? Jalila mrembo, usiende mbali na redio yako."

Tabasamu la Bi Jalila likaganda. Maisha yake yote Mwidani hakupata kulitamka jina la mamake. Kwao mtoto hamtaji mzazi wake hivyo. Hata hospitali, daktari alipotaka jina la mama, Mwidani alimgeukia mkewe amtajie.

"Nani huyu?" Bi Jalila aliuliza.

Mwanasaumu alimshika mkono tu. Alikuwa ameitaka siku hii kwa dua, na sasa imefika hakuona cha kufurahia.

Bi Jalila akaizima redio mwenyewe. "Mwambie Anwar aende stesheni," alisema.

Kisha akalia. Alilia kilio kilichovuka ua, wanawake wa mtaa wakaja mbio wakijitanda leso, Fancy akiwa mbele, wakiuliza mlangoni ni nani aliyefariki.

"Mwidani," Mwanasaumu akawajibu.