Kaimu Asiyejua Lolote

Idarani kwetu tunaiheshimu sana mahakama. Amri ikija tunaipokea kwa mikono miwili, tunaigonga muhuri, kisha tunaifungia kabatini isije ikapigwa na jua. Ndivyo tulivyoitunza ile iliyotutaka tumrudishie mama mmoja pasipoti yake, aliyonyang'anywa kwa kosa la kuongoza akina mama wenzake kwenda kuulizia zahanati yao iliyogeuzwa ghala.

Wakili wake alipochoka kungoja, akafungua shauri la kudharau mahakama, akiomba mkurugenzi wetu atiwe ndani. Hapo ndipo tulipoonyesha ufundi. Asubuhi ya kesi mkurugenzi akahamishwa, na kiti akapewa kaimu, ambaye alikwenda kuapa kwamba ndiyo kwanza ameripoti na faili hajaliona. Utamfungaje mtu kwa amri asiyoijua? Jaji akaahirisha. Kesi iliyofuata, kaimu mwingine. Tukaweka na utaratibu: anayetarajiwa kukaimu asilitupie faili hilo hata jicho, asije akaapa uongo. Sisi ni watu wa dini.

Ubaya wa mpango mzuri kama huo ni kwamba watu huisha. Wakubwa wote walishakaimu, na waliojua kutojua vizuri wakapandishwa vyeo. Ndipo Katibu Mkuu akaniita mimi, wa kitengo cha magari.

"Hongera, kaimu. Nenda mahakamani sasa hivi."

"Mzee, kesi hiyo naijua. Mwenyewe ni—"

"Shii!" Akaziba masikio kwa vidole. "Usinitajie! Hujui kitu. Umenielewa?"

Nilimwelewa. Laiti angeniacha nimalize, angesikia kwamba mwenye kesi ni mama yangu mzazi. Mdogo wangu wa kike yuko ng'ambo anangoja kupasuliwa moyo, na ameapa haingii chumba cha upasuaji kabla hajamwona mama. Nilitaka mapema kwenda kumwombea kwa wakubwa, mama akanikatalia katakata. "Haki yangu siiombi kwa mlango wa nyuma," alisema.

Mahakamani wakili wa serikali alinipa kiapo kilichokwisha kuchapwa. Nikasoma kwa sauti: "Nimeripoti leo. Faili sijaliona. Mwombaji simj..."

Nikainua macho. Mama alikuwa benchi la mbele, mkoba magotini, ananitazama tu. Hakunisaidia hata kwa kupepesa jicho. Niliona haya.

"Endelea, kaimu," jaji akasema.

"Siwezi, mheshimiwa. Huyu ndiye aliyenizaa. Na pasipoti yake iko kabatini, chini ya birika. Kila anayechemsha chai idarani anaiona."

Wakili wa serikali akakohoa mpaka akaletewa maji.

Jaji akavua miwani. "Kumbe serikalini yupo mtu anayejua kitu." Akaamuru niifuate pamoja na askari wa mahakama, na yeye hatainuka kitini mpaka tumerudi. Tulirudi nayo, ina alama ya duara ya kitako cha birika kwenye jalada. Mama akaifuta kwa kanga, akaitia mkobani.

Wizara ambayo amri moja ya jaji iliishinda mwaka mzima, ya kunifukuza mimi iliitekeleza kabla ya chakula cha mchana. Hata dereva aliyeniletea barua alishangaa. Kumbe mbio tunaziweza, tatizo ni njia tu.

Jioni nilimkuta mama chumbani anapanga nguo sandukuni. Nilikuwa sina kazi, na moyo ulikuwa mwepesi, lakini kuna jambo lilikuwa linanikereketa.

"Mama, na kama ningesoma kile kiapo mpaka mwisho?"

Hakuinua kichwa.

"Ningesimama, nimwambie jaji mwanangu hajaapa uongo. Hatujuani."

Nilingoja acheke. Hakucheka.

"Haya, njoo ukalie hili sanduku," akasema. "Zipu inagoma."

Nikakaa.