Sauti Aliyoipoteza Baldev Sodhi

Baldev Sodhi, nyota wa filamu za Kihindi aliyewahi kuwatwanga majambazi kumi na wawili bila hata unywele kumchafuka, sasa alishikwa mkono kupanda ngazi nne tu za studio pale Andheri. Filamu yake ya kwanza ilikuwa inasafishwa irudi sinema. Picha ilipona, ila sauti ilikuwa imeliwa na kuvu mahali pamoja: pale anapomwambia muuaji wa baba yake, "Leo sikimbii." Ndiyo akaitwa airudie. Alikuja amepaka nywele rangi nyeusi kama lami, moyo unamdunda kama wa bwana harusi.

Akaitazama midomo yake ya ujana kwenye skrini, akanguruma: "Leoooo! Sikimbiiii!"

Farzana, fundi wa sauti, akavua hedifoni. "Saheb, usinikasirikie. Huyo si wewe. Huyo ni Nandu."

Nandu Tambe, aliyeitwa awe akiba endapo mzee angeshindwa, alikuwa kitini anakunywa chai. Miaka ishirini alikula kwa kumwiga Sodhi kwenye harusi za watu. Watu walipenda akiyavuta maneno, naye akayavuta. Sodhi mwenyewe, kila alipoalikwa sherehe, alipigiwa kelele aseme vilevile. Akasema vilevile, mpaka ile ya kwanza ikampotea.

"Mwizi wewe! Umeniibia sauti, ukanirudishia mbovu."

"Nawe ukaipokea kwa mikono miwili, Saheb!"

Sodhi akacheka, kisha kicheko kikamkauka. "Hivi ile yenyewe ilikuwaje?"

Nandu akaweka glasi chini. "Hukupiga kelele. Niliitazama mara thelathini na moja, viti vya mbele kabisa. Ulisema taratibu, kama mtu aliyechoka kuogopa."

Sodhi akajaribu taratibu. Ikatoka sauti ya babu anayeomba maji. Akajaribu tena. Mara ya tatu akaishia kukohoa, Farzana akajifanya anatafuta kitu mezani.

"Haya, sema wewe," Sodhi akasema.

Nandu akasogelea maikrofoni, akafumba macho, akasema. Haikuwa ile ya harusini. Kijana mwembamba kwenye skrini alifungua mdomo, na safari hii alikuwa mzima.

"Hiyohiyo!" Farzana akasema. "Tumemaliza."

Sodhi hakuinuka. "Rudia."

"Saheb, imeshaingia vizuri."

"Ya filamu mnayo. Hii ni yangu." Mzee akavuta kiti karibu na Nandu, magoti yao yakagusana. "Zima picha, binti yangu. Nandu, hebu rudia."