Salamu za Kasereka

Kwetu Lurujo, upande wa Koboko, bunduki ilikuwa kazi ya kurithi. Babu yetu alikuwa askari wa Waingereza, baba akatumikia serikali mbili zilizopinduana, na kaka yangu Loku akaingia jeshini kabla ndevu hazijamtoka vizuri. Mimi, Agnes Keji, ndiye peke yangu niliyeshika chaki. Nafundisha shule ya msingi hapa Koboko. Loku hakwenda Kongo kwa kupenda damu. Alikwenda kwa sababu hakujua kazi nyingine.

Alipoachishwa jeshi alikaa nyumbani miaka miwili, akilima tumbaku isiyomkubali. Ndipo akaja mtu anaitwa Swaka, waliyekuwa naye kikosi kimoja. Swaka alikusanya askari wa zamani kumi na wanane, Waislamu na Wakristo, akawaambia kuna kampuni inataka walinzi wa machimbo ya dhahabu ng'ambo ya mpaka. Hawakusaini karatasi yoyote. Walipewa sare nyeusi zisizo na jina wala bendera. Loku alikaa huko miezi tisa. Aliporudi alikuwa amekonda, na ukimuuliza habari za kule alikujibu, "Mvua ilikuwa nyingi," basi.

Akahamia Arua. Haukupita muda nikasikia ana mchumba, Mnande wa Butembo, Kongo, anayeuza vitenge sokoni, jina lake Kavira. Nilikwenda kumwona nikiwa nimekunja uso, kama mawifi tulivyo, nikarudi nimempenda. Alikuwa na kicheko cha kuwashtua wapita njia. Alipika sombe, kisamvu cha kwao, kwa mawese mpaka mama yetu Viktoria, ambaye hajawahi kusifu chakula cha mkwe yeyote, akaomba sahani ya pili. Mwaka wa korona, soko likiwa limefungwa, walipata binti wakamwita Sephora.

Kavira alikuwa na kidonda kimoja tu. Mdogo wake, Kasereka, alikufa machimboni na maiti yake haikuonekana. Tena waliagana vibaya. Kavira alimkataza asiende kuchimba, Kasereka akakataa katakata, na Kavira kwa hasira akamwambia, "Ukienda, usikanyage tena kwangu." Hakukanyaga tena. Kila mwezi wa nane, mwezi walioagana, Kavira alifunga meza yake sokoni, akaenda kanisani kuwasha mshumaa, akalia kwa sababu ya neno lile. Loku alikwenda naye kila mwaka. Nilimwona kwa macho yangu, amepiga magoti, mkono wa mkewe umo mkononi mwake. Nikasema moyoni, kaka yangu amepona.

Mwaka jana, mwezi wa saba, Loku alinikuta shuleni nasahihisha madaftari. Watoto walikuwa wamekwisha kwenda nyumbani. Akaketi kwenye dawati la mbele, magoti yakamgonga kidevu.

"Keji," akasema, "kuna mtu alinipa salamu nizifikishe. Mwaka wa saba huu, sijazifikisha."

Akanieleza. Asubuhi moja wachimbaji walikataa kutoka kwenye shimo. Mkubwa wa walinzi akaamuru, nao wakafyatua risasi. Baadaye waliambiwa wafukie. Katika wale saba waliolala pale, mmoja alikuwa bado anapumua, amepigwa tumboni. Akaomba maji. Loku akamnywesha, akamuuliza jina. Akasema yeye ni Kasereka, ana dada yake anauza vitenge Arua, anaitwa Kavira. Akampa maneno ya kumpelekea, kisha akafa.

Madaftari yakaanguka kutoka mapajani mwangu.

"Nilikwenda sokoni kumwambia," Loku akaendelea. "Nikasimama mbele ya meza yake. Akaniuliza, 'Unamununulia mama ao bibi?' Nikashindwa. Nikanunua kitenge, nikaondoka. Kesho yake nikarudi, nikanunua kingine. Nilijaza vitenge chumbani, mimi nisiyekuwa na mke."

"Na sasa kwa nini unaniambia?"

"Mama yake anaumwa sana huko Butembo. Ametuma neno. Hataki dawa tena, anataka udongo wa mahali alipoanguka mwanawe, azikwe nao. Kavira anazunguka kwa Wakongo wote wa Arua akiuliza shimo gani. Jana aliniuliza mimi. Akasema, wewe uliwahi kufanya kazi upande ule, huwezi kuulizia wenzako?"

Nilimwambia anyamaze. Sitaficha hilo. Nilimwambia achote udongo wowote barabarani, ampe, ampelekee mama yake, mambo yaishe. Nilimfikiria Sephora, nikamfikiria Kavira akicheka sokoni, nikaona ukweli huu hautamnufaisha mtu.

Loku aliniangalia kama mtu niliyemtukana. "Yule mwanamke anakufa, Keji."

Siku ya pili nilifuatana naye Arua. Tulimkuta Kavira uani anapepeta maharage, mtoto yuko kwa jirani. Loku hakuketi. Na pengine alikuwa amejizoeza njia nzima, lakini yalimtoka maneno ya kambini, ya Kiswahili chake cha jeshini.

"Mama Sephora, mimi iko na neno. Kasereka, mimi najua pahali iko. Mimi ndiye nilimzika."

Ungo haukuanguka. Kavira aliuweka chini polepole, akasawazisha maharage kwa kiganja.

"Sema yote," akamwambia.

Akasema yote. Alipomaliza, Kavira akauliza, "Ni weye ulimupiga?"

"Mimi hapana jua. Sisi wote tulipiga."

"Halafu ukanioa."

"Nilikupenda."

"Ao ulinihurumia?"

Nilitamani ajibu upesi. "Mwanzo ilikuwa huruma," akasema, "na woga. Halafu siku moja ulicheka, ikawa kitu kingine."

Kavira alifunika uso kwa ncha ya kitenge chake, kwa muda wa kutosha kuku kuja kudonoa maharage. Nikawafukuza. Alipofunua uso, ulikuwa mkavu.

"Yale maneno alikupa, usiniambie hapa. Utaniambia mbele yake. Utanipeleka."

Tulimwacha Sephora kwa mama yetu huko Lurujo, tukavuka mpaka pale Vurra, sisi watatu. Kavira ndiye aliyetaka niwepo. "Wifi, nisipokuwa na mutu, nitafanya kitu," aliniambia, sikuuliza kitu gani. Kutoka Aru, mji wa upande wa Kongo, tulipanda pikipiki siku mbili, kila mmoja na dereva wake, kwenye njia nyekundu yenye madimbwi. Kila tuliposimama kula, Loku alileta chakula, akakiweka karibu yetu, kisha yeye akaenda kukaa na madereva. Kavira alikula. Hakumtupia hata jicho.

Machimbo yalikuwa yameachwa. Mashimo yalijaa maji ya kijani, na magugu yalifika kifuani. Loku alisimama penye jiwe kubwa, akatafuta upande, akaanza kuhesabu hatua kwa sauti ndogo, kama askari. Akasimama. Mbele yetu ardhi ilikuwa imebonyea mahali saba, sita pamoja na moja kando.

"Huyu wa kando," akasema. "Nilimlaza peke yake. Lile jiwe la kichwani niliweka mimi."

Akapiga magoti, akaanza kung'oa majani juu ya kaburi.

"Usimuguse tena," Kavira akasema.

Loku akarudi nyuma. Kavira akayang'oa mwenyewe, mpaka mikono ikachubuka, akataka nisimsaidie. Akatandika kitenge kipya, akachota udongo kwa viganja, akafunga. Kisha akainuka, akamgeukia mumewe.

"Sasa sema. Alisema nini?"

Loku alisimama wima, mikono imenyooka mapajani. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayesoma barua ya mwingine.

"Alisema, mwambie mama asiniangalie tena njiani. Alisema, mwambie yaya Kavira, nilikasirika siku moja tu. Kesho yake hasira iliisha. Mwambie sina kinyongo naye, nilikuwa nakuja kwake Krismasi."

Yaya ndivyo wanavyomwita dada mkubwa kwao. Kavira alipolisikia jina hilo alitaka kuanguka juu ya kaburi. Nilimdaka. Alilia kwa kilio ambacho sijakisikia msibani kwetu wala kwao, mpaka madereva wakatoka kwenye pikipiki zao wakavua kofia. Loku alikuwa amesimama vilevile, machozi yanamtiririka, hayafuti.

Kavira alipoweza kusema, alisema taratibu, kama anayemweleza mtoto.

"Risasi, sijui ni ya nani. Hata weye haujui. Ningeweza kumwachia Mungu. Lakini ulikuwa nalo lile neno. Kila mwezi wa nane nililia kwa sababu nilimufukuza mudogo wangu, na weye ulinishika mukono, ukanibembeleza, na dawa yangu iko mudomoni mwako. Miaka saba, Baba Sephora."

"Ningekuambia, ungejua mimi nani."

"Ndiyo," Kavira akasema. "Ulinunua miaka saba kwa machozi yangu."

Nilimshika Kavira mkono, tukarudi kwenye pikipiki.

Tuliachana kwenye njia panda, asubuhi iliyofuata. Kavira alipanda pikipiki ya kusini, udongo ameubeba mgongoni kwa mbeleko, jinsi alivyombeba Sephora zamani. Alinikumbatia. Mbele ya Loku alisimama kidogo, akamfunga kifungo cha shati kilichokuwa wazi, kwa mazoea tu nadhani, kisha akaondoa mkono kama aliyeungua, akaondoka.

Alimkuta mama yake yu hai. Yule mama alizikwa na udongo ule wiki mbili baadaye. Mwezi wa kumi Kavira alikuja Lurujo kumchukua mtoto. Loku alikuwa ameambiwa asiwepo, akaenda kushinda Abuku kwa rafiki, lakini nguo za Sephora alizifua mwenyewe usiku wa kuamkia siku hiyo, akazikunja kwa pembe, kijeshi. Mama Viktoria alimpigia mkwewe magoti, mwanamke mzima wa mvi, akimwomba abaki. Kavira naye akapiga magoti. Wakashikana hivyo chini, wote wawili wakilia, kisha akainuka akamchukua mtoto.

Kwa sasa kaka yangu anafyatua matofali Ajia. Swaka alimfuata tena na kazi nyingine, nchi ya mbali zaidi. Loku alimsikiliza mpaka mwisho, akamkaribisha maji, akamsindikiza hadi barabarani, akarudi kwenye udongo wake.

Jumapili, siku ambayo Loku huja kwangu, Kavira hunipigia simu. Tunaulizana hali, tunaongea habari za soko la Butembo, kisha huuliza, "Iko hapo?" Nikijibu ndiyo, anampa mtoto simu, nami nampa Loku. Loku na Kavira hawajasemezana hata neno. Jumapili iliyopita Sephora alikuwa na furaha, alimwimbia baba yake wimbo wa shule, akaongea haraka haraka, kisha akamwambia jambo kwa Kinande, lugha ya mama yake, na kungoja jibu.

Loku akaziba simu kwa kiganja. "Amesema nini?" akaniuliza.

Nikamwambia sijui. Mtoto akarudia lile neno, mara ya pili, mara ya tatu, na kaka yangu akawa anaitikia tu, "Ndiyo mama, ndiyo," mpaka simu ikakatika.